Kibali cha Mama Mganga

Mara ya kumi na nne Theodosia Ndunguru alipopanda kutoka ziwani kwenda Mbinga, karani wa masjala alimtambua kabla hajavuka kizingiti cha ofisi ya vibali.

"Mama Mganga! Leo umeniletea usipa?"

"Cuthbert, mama yako kule Kigonsera alikufundisha kuamkia watu kwa usipa?"

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Usipa nimekuletea. Na wewe niletee jalada langu."

Cuthbert alicheka, akapokea dagaa hao wa ziwani waliofungwa kwa gazeti na kuwasukumiza chini ya meza. Kisha akavaa uso wa kazi, akasema maneno yaleyale ya safari kumi na tatu zilizopita, kwa sauti ya mtu anayeitikia litania.

"Jalada lako lipo, mama. Linashughulikiwa."

"Lipo wapi?"

"Lipo kwa wanaohusika."

"Ni akina nani hao, niende nikawasalimie?"

"Mama, ungekuwa umekataliwa ningekuambia. Hujakataliwa."

"Basi nimekubaliwa."

"Hujakubaliwa pia."

Theodosia alikaa kwenye benchi la ukumbini. Ilikuwa Machi 1997, na ukungu ulikuwa umeshuka mpaka kwenye mabati ya soko. Alizaliwa milima hiyohiyo, huko Matiri, lakini miaka mingi ya joto la ziwani ilikuwa imemfanya mgeni wa baridi ya kwao. Alijifunga kitenge cha pili mabegani. Hakukasirika. Hasira zilikuwa zimemwishia tangu safari ya saba. Sasa alikuwa kama samaki aliyenaswa mgononi: maji anayaona, ziwa analiona, njia haioni.

Alichokuwa akikingoja kilikuwa kidogo. Kibali cha duka la dawa.

Alikuwa mganga wa serikali, wala si kwa maneno ya mtaani. Cheti chake cha mafunzo kilisema Mganga Msaidizi wa Vijijini, na kwa miaka ishirini na saba alikuwa Mganga Mfawidhi wa zahanati moja ya ufukweni, mwenye funguo za stoo na daftari la wagonjwa. Ndiyo maana kila mtu, kuanzia mtoto anayejifunza kutembea mpaka diwani, alimwita Mama Mganga. Alipostaafu mwaka 1992 alihamia kijijini kwa marehemu mumewe, mwendo wa saa tatu kwa miguu kutoka zahanati ile, akaishi na Beata, binti wa mdogo wake. Kijiji kile hakikuwa na dawa wala mtu wa kuitoa. Homa ilikuwepo ya kutosha.

Hapo ndipo serikali ilipofungua milango. Watu walianza kusema ruksa, soko huria, kila mtu auze. Magari ya wanunuzi binafsi yakapanda mpaka Matiri kununua kahawa, na mitumba ikafika ziwani kwa mafurushi. Theodosia akasema, "Kama kaptula zimeruhusiwa, klorokwini itakatazwaje?" Akajaza fomu, kwa mwandiko wake wa shule ya misheni uliolala vizuri kama nyasi baada ya upepo, akaipeleka Mbinga.

Mkaguzi alikuja mwaka 1995 kwa pikipiki. Alipima chumba cha mbele cha nyumba, akatikisa kitasa, akasema rafu tupu hazikaguliki, aweke dawa kwanza. Theodosia akatumia kiinua mgongo chake kununua dawa Songea: klorokwini, aspirini, dawa ya macho, ya minyoo, ya vidonda. Mkaguzi akarudi, akaziona, akaandika kwamba kila kitu ni safi. Kisha akafunga mlango kwa kufuli la ofisi na kuudondoshea lakiri nyekundu.

"Utaratibu tu, mama. Dawa zisitoke kabla ya kibali. Wiki mbili, tatu."

Miaka miwili ikapita. Dirisha la chumba kile lilikuwa na wavu, na mtu akisogeza uso aliweza kuyasoma makopo. Kila kopo la klorokwini lilikuwa na tarehe ya mwisho: Machi 1998.

Watu walikuja kugonga. Jirani yake Gertruda, ambaye ulimi wake ulikuwa mkali kuliko kisu cha kuparia samaki, alikuja mara nyingi, kwa sababu wajukuu aliobaki nao walikuwa watano na homa haikuwasahau.

"Mama Mganga, dawa si hizo naziona hapa?"

"Ndizo."

"Basi toboa wavu, pitisha mkono."

"Nikitoboa watanikamata, na duka halitafunguliwa maisha."

"Na sasa limefunguliwa?"

Theodosia alimshika mtoto shingoni kwa nyuma ya vidole, akavaa viatu, wakaenda wote zahanati, saa tatu kwenda na saa tatu kurudi. Siku nyingine walikuta dawa. Siku nyingine waliikuta stoo imefagiliwa, na aliyechukua nafasi yake akimwangalia kwa aibu. Alikuwa akirudi njiani akihesabu moyoni makopo yaliyolala nyumbani kwake chini ya lakiri, na kusema Baba Yetu mpaka afike kwenye "utusamehe", hapo akili ikaruka tena mpaka kwenye makopo.

Siku ile ya Machi, aliposhuka kwenye ngazi za ofisi, mtu mwenye mkoba wa ngozi alimsimamisha.

"Mama Mganga, hunikumbuki? Pankras. Ulinitibu kichocho nikiwa darasa la nne."

"Uliyetapika kwenye daftari langu?"

"Ndiye mimi huyo."

Pankras sasa alikuwa wakili, ofisi yake iko Songea. Alisikiliza habari yote wamesimama palepale, mvua ikiwanyunyizia, kisha akasema angempeleka afisa vibali mahakamani na hangetaka chochote kwake, maana lile daftari lilikuwa bado linamdai. Theodosia alicheka kwa mara ya kwanza siku hiyo. Lakini Pankras hakucheka alipomweleza jambo lenyewe.

"Sikiliza vizuri, mama. Mahakama haiwezi kukupa kibali. Inaweza kumwamuru afisa aamue. Basi."

"Aamue kunipa?"

"Aamue. Hata kukataa ni kuamua. Akikataa nitapata kitu cha kukatia rufaa. Sasa hivi sina. Mtu hakati rufaa dhidi ya ukimya."

Kesi ilichukua miezi. Katikati ya Oktoba jaji alitoa amri: ofisi iliamue ombi la Theodosia Ndunguru lililo mbele yake ndani ya siku thelathini. Habari ilipofika ziwani, wanawake wa jumuiya ya kanisa waliimba mpaka nyumbani kwake, na Gertruda alicheza huku amejifunga kanga kichwani kama bibi harusi.

"Mahakama imetupa duka!"

"Haijatupa duka," Theodosia alisema. "Imetupa siku thelathini." Lakini mwenyewe alikuwa amekwisha kumwagiza Beata apake chokaa ukuta wa mbele.

Siku ya thelathini ilikuwa Ijumaa, tarehe kumi na nne Novemba. Mvua za mwaka ule, ambazo watu bado wanazitaja, zilikuwa zimeanza, na lori lilikwama mlimani. Theodosia, mwanamke wa miaka sitini, alipanda kilichobaki kwa miguu akiwa amebeba viatu mkononi. Aliingia ofisini saa saba mchana na tope mpaka magotini. Pankras alikuwa amemtangulia. Cuthbert aliinuka na kumpisha bila kutaja usipa.

Afisa vibali, Augustino Mbunda, alikuwa mtu mpole mwenye sweta la kijivu na macho ya mtu asiyelala vizuri. Alimwamkia kwa heshima, akampa kiti, akamsogezea karatasi.

"Ombi lako limeamuliwa, mama. Limekubaliwa."

Theodosia alifanya ishara ya msalaba. Kisha akavaa miwani na kusoma. Alisoma tena. Karatasi ilisema kwamba yeye, Theodosia Ndunguru, anaruhusiwa kutoa dawa na tiba nyumbani kwake kama mganga wa jadi.

"Mganga wa jadi ni nani hapa?"

Bwana Augustino alimfungulia jalada. Juu ya gamba, kwa kalamu ya buluu, liliandikwa WAGANGA. Ndani ilikuwa fomu yake, na mwandiko wake mwenyewe: Kazi ya mwombaji, Mganga Msaidizi, mstaafu. Aliyeipokea alisoma "mganga" akaishia hapo. Ombi likapelekwa idara ya Utamaduni, wanakosajiliwa wenye tunguri na ramli, na Utamaduni wakangoja waganga wenzake waje kumthibitisha. Hakuna mganga aliyemjua. Miaka mitatu jalada lilikuwa likingoja mashahidi wa uganga wake.

"Lakini mkaguzi aliona vidonge! Aliandika!"

"Taarifa ya mkaguzi ipo jalada la Afya. Majalada hayo mawili hayajawahi kukutana."

"Basi yakutanishe. Rekebisha."

"Mama, kulirekebisha siwezi, naweza kuliamua tu. Jaji ameniagiza niamue lililo mbele yangu, na mwisho ni leo saa tisa na nusu. Lililo mbele yangu ndilo hili. Nikilikataa, utaanza upya, na mimi na wewe tunajua kuanza upya hapa ni nini. Nikilikubali, Jumatatu nakuja mwenyewe nikate lakiri." Aliweka kidole kwenye mstari. "Tazama. 'Anaruhusiwa kutoa dawa.' Haikuandikwa dawa gani."

Theodosia alimgeukia wakili. Pankras alikuwa ameisoma karatasi mara tatu na uso wake umeshuka.

"Ameitii amri, mama," alisema taratibu. "Ameamua."

Palibaki sahihi. Chini ya karatasi kulikuwa na kiapo kilichopigwa chapa zamani, kwa ajili ya wanaume wa kazi hiyo: Nimerithi uganga huu kutoka kwa baba yangu, kisha nafasi ya jina.

Baba yake alikuwa Katekista Flaviani. Kwa miaka arobaini alipanda na kushuka vilima vya Matiri na msalaba wa mbao, akiwasihi watu walete hirizi na tunguri zao ziteketezwe mbele ya kanisa. Walimcheka, walimtishia kumroga, na mara moja walimwekea kuku aliyechinjwa mlangoni. Aliosha mlango, akaenda kufundisha katekisimu. Alikufa mwaka 1979 na rozari mkononi.

"Pawe wazi," Theodosia alisema.

"Pakiwa wazi ombi halijakamilika. Lisilokamilika linarudi kungoja."

Alitoka barazani. Saa ya ukutani ilisema saa nane. Mvua ilikuwa ikipiga mabati mpaka mtu hasikii moyo wake. Akatoa rozari, akaishika tu, bila kusali. Nyumbani homa za mvua zilikuwa zimeanza. Jana yake alikuwa amesindikiza watu watatu zahanati, wakakuta stoo imefagiliwa. Makopo yalikuwa na miezi minne ya kuishi. Na baba yake alikuwa na milele yote ya kulala kwa amani, ikiwa binti yake hatamwandika mchawi kwenye karatasi ya serikali.

Cuthbert alimfuata, mikono nyuma.

"Mama, kosa ni langu. Niliona mganga, nikaweka kwa waganga. Ningejuaje? Kwetu daktari tunamwita daktari."

"Na Mganga Mkuu wa Wilaya, yule mwenye koti jeupe, huwa unamwita nani?"

"Mganga Mkuu," Cuthbert alisema, akashika kichwa.

"Umemwamkia kila siku miaka mitatu," Theodosia alisema, "na hujamuuliza tunguri zake ziko wapi." Kisha akamwonea huruma, maana kijana alikuwa karibu kulia. "Nenda. Niitie wakili."

Alimwuliza Pankras swali moja tu: iko njia nyingine kabla ya Machi? Pankras alisema hapana. Theodosia akarudi ndani, akaketi, akaandika Flaviani Ndunguru kwa mwandiko uleule wa misheni. Herufi zililala vizuri kama za fomu ya kwanza. Alikuja kusema baadaye kwamba hicho ndicho kilichomtisha.

Jumatatu Bwana Augustino alikuja kama alivyoahidi, akakata lakiri kwa kisu cha mfukoni, akaomba panadoli mbili kwa ajili ya kichwa, akaondoka. Kufikia jioni mstari ulikuwa umezunguka nyumba. Msimu ule wa mvua kubwa Mama Mganga alitoa kila kidonge cha klorokwini alichokuwa nacho, na kopo la mwisho liliisha kabla ya Machi. Akaagiza mengine. Watu walitoka vijiji vya kaskazini na kusini. Hakukuwa na mtu aliyezimia njiani tena akienda zahanati, walau si kutoka kijiji kile.

Lakini kibali, kwa sheria, lazima kitundikwe panapoonekana. Kilining'inia ukutani nyuma ya kichwa chake, na waliojua kusoma walisoma.

"Mama Mganga, na mimi nipigie ramli nijue aliyeniibia wavu!"

"Meza kidonge chako, nyumbani utaota aliyeiba."

Alijibu utani kwa utani. Siku ya Jumapili hakusogea altareni. Wenzake wa jumuiya walimpita kwenye benchi, mmoja mmoja, wakienda kupokea komunyo, naye akabana magoti awapishe.

Alikwenda kutubu kwa Padre Clemence wiki hiyohiyo. Padre alikuwa bado kijana, mtu wa kunyooka, aliyempenda kama mama yake. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Mama, uongo wa siku moja ningekuondolea sasa hivi. Lakini huu haukuishia siku ile. Karatasi ile inasema uongo kila asubuhi ukifungua dirisha, na inasema mbele ya Wakristo wangu kwamba binti wa katekista ameshika uganga. Uko tayari kuiondoa?"

"Nikiiondoa duka linafungwa."

"Najua."

"Juzi mpishi wako alikuja kuchukua klorokwini yako, Baba."

"Najua," Padre alisema kwa sauti ya chini. "Nimeimeza." Akavua stola yake ya shingoni bila kumwondolea. "Nenda ukatafute njia. Nitakuombea uipate."

Alitafuta. Alirudi Mbinga na fomu mpya, safari hii ameandika "muuza dawa za hospitali" kwa herufi kubwa. Cuthbert, ambaye sasa alikuwa akimpokea kama mtu anayempokea mdai wake, alikwenda kuuliza, akarudi na kichwa chini. Mtu mmoja hawezi kuwa na maombi mawili kwa chumba kimoja. Arudishe kwanza kibali cha jadi. Akikirudisha, chumba kinafungwa kwa lakiri mpaka ombi jipya liamuliwe.

"Litaamuliwa lini?"

Cuthbert hakuweza kutamka lile neno lake la zamani, linashughulikiwa.

Na kila Januari kibali kilihuishwa upya, na kila kuhuishwa kulikuwa na kiapo kilekile na nafasi ileile. Mara ya kwanza aliandika jina la baba yake kuokoa makopo yaliyokuwa yakikaribia kufa. Mara ya pili aliliandika kwa sababu ya wale waliozoea kuja. Mara ya tatu mstari wa watu ulikuwa umefika mbali mno asiweze kuuvunja. Mara ya nne hakujiuliza. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga, alimwambia Beata. Lakini haya, mwanangu, hayana ng'ambo.

Alisali kuliko zamani. Alifagia kanisa Jumamosi, alifundisha watoto wa komunyo ya kwanza nyimbo, akawashonea mashada ya maua, na walipopokea alikuwa nyuma kabisa karibu na mlango. Hakumlaumu Padre. Hakumlaumu Cuthbert. Mara moja tu Beata alimsikia, akipanga vidonge kwenye bahasha ndogo, akisema peke yake: "Wangenikataa tu." Na Beata alielewa. Mtu aliyekataliwa hulia, akaondoka, akaenda kutafuta pengine. Yeye alikuwa amekubaliwa.

Februari 2001 miguu ilimvimba, na moyo, aliokuwa ameusikiliza kwa wengine miaka yote, ukaanza kumwambia habari zake. Alijua dawa yake, alijua pia kwamba imechelewa. Alilala chumba cha pili, ukuta mmoja na duka, Beata akikaa dirishani mahali pake. Kwa sauti alijua nani amekuja na anaumwa nini. "Huyo mpe na ya kikohozi," angesema kupitia ukutani, na mgonjwa angeitikia, "Ahsante, Mama Mganga, pole!"

Jumanne moja Padre Clemence alikuja na mafuta matakatifu na Sakramenti. Alikaa ukingoni mwa kitanda.

"Mama, ile karatasi."

"Ipo, Baba. Nikifa inakufa na mimi, ina jina langu. Huwezi kungoja kidogo?"

"Naweza kungoja mimi. Toba haingoji kifo."

Alicheka, akakohoa. "Ungekuwa afisa vibali, Baba, mambo yangeenda." Kisha akageuza uso ukutani. "Beata! Wamebaki wangapi?"

"Wanne, mama mkubwa."

"Wahudumie. Halafu itoe."

Padre alivaa stola yake taratibu na kuketi, na wote wawili walisikiliza: vidonge vikidondoka kwenye bahasha, Beata akieleza asubuhi viwili na jioni viwili, mtu akishukuru, mwingine akiingia. Wa nne alikuwa mwanamke mwenye kichanga, alichelewa, na hakuna aliyemharakisha. Kisha msumari ukatoka ukutani na sauti kavu. Beata akaingia na ile karatasi, imepauka kwa jua, akamkabidhi Padre.

Theodosia aliungama. Halikuwa ungamo refu. Alikuwa na maneno yake tayari kwa miaka mitatu na zaidi. Padre alimwondolea, akampaka mafuta kipajini na viganjani. Alikuwa akifungua kikopo kidogo cha dhahabu cha Sakramenti aliposikika mtu nje.

"Hodi! Beata, weh! Mbona dirisha limefungwa na jua lote hili?"

Ilikuwa Gertruda. Theodosia alimsikia mtoto pia, ile pumzi fupi ya juu juu, na vidole vyake vya mkono wa kulia vilijikunja juu ya shuka kama vinavyoshika shingo ndogo. Beata alimtazama yeye. Kisha akamtazama Padre. Padre alikuwa ameshika Hostia na hakutazama mtu.

Beata alitoka. Sauti zao zilipita ukutani wazi kabisa.

"Tumefunga, bibi."

"Mmefungaje? Na dawa ziko ndani?"

"Ziko ndani. Karatasi imetolewa."

"Imetolewa na nani? Watu wa Mbinga wamekuja?"

"Ameitoa mwenyewe. Apokee."

Theodosia alitaka kuita, alijua hata maneno: mpe viwili, mpoze kwa kitambaa cha maji, umrudishe kesho. Yalikuwa pale ulimini. Alingoja Gertruda aanze, kwa ulimi wake ule, na alijua kwamba akianza hatastahimili.

"Aa," Gertruda alisema mwishowe. "Basi mwache apokee. Mwambie mimi nimekwenda."

"Utafika zahanati saa ngapi na mtoto huyo?"

"Nitafika. Njia naijua, amenitembeza mwenyewe."

Theodosia alimsikia akimfunga mtoto mgongoni, kile kishindo kidogo cha kumrusha juu na kukaza kanga. Alisikia viatu vya plastiki juu ya changarawe, kisha kwenye mchanga, kisha sauti ya mawimbi tu. Aliendelea kusikiliza baada ya hapo. Padre alisema, "Mwili wa Kristo," akangoja, akasema tena.

"Amina," alisema Theodosia, akafungua kinywa.